Mtumbwi wa kafi au boti ya injini: Mabamba, Bunyonyi au Mburo, uende wapi ukiwa na siku moja Uganda

Kila likizo ikikaribia simu yangu haitulii. Ndugu wa Bukoba, rafiki wa Mwanza niliyesoma naye, jirani wa zamani aliyehamia Kigali, wote wanakuja na swali lile lile, tuna siku moja ya kupumzika huko Uganda, tunataka kupanda mtumbwi tuone wanyama na ndege, tuende wapi? Mimi nakaa Entebbe mwaka wa tisa huu, naendesha gari la kukodi na wageni wangu wengi ni watu wa Kiswahili, kwa hiyo hizi sehemu nimezizunguka mpaka zingine nimepoteza hesabu. Nikijibu kwenye simu salio linaisha kabla sijafika nusu, na mtu anaishia kuchagua kwa picha aliyoiona mahali. Wacha niandike yote hapa, wewe kaa usome na chai yako.

Kwanza ujue ndani ya hayo maji anaishi nani

Watu wote wanaanza na bei. Mimi naanza na kiboko. Dume la kiboko linaweza kupita tani moja na nusu kwa urahisi, linakaa chini ya maji dakika kadhaa wewe huoni kitu zaidi ya mapovu, na jike lenye mtoto halitaki mjadala na mtu. Sasa mfikirie huyo mnyama anaibuka chini ya mtumbwi wa mbao wenye watu watatu. Hakuna kafi itakayokutoa hapo.

Ndo maana kwa hapa Uganda mambo yamegawanyika yenyewe hivi: ukitaka viboko na mamba wa kutosha unapanda boti kubwa ya injini, una nahodha na askari wa hifadhi, unakaa kwenye kiti unaangalia. Ukitaka mtumbwi wa kafi, ule ambao unasikia maji yakipita chini ya ubao na ukikohoa ndege anageuka, unaenda kwenye maji ya ndege. Vyote viwili ni vizuri, ila havipatikani sehemu moja kwa siku moja, na mtu akikuahidi vyote, mtumbwi mdogo wa kafi katikati ya viboko, wewe shuka ubaki nchi kavu. Nasema hivyo kwa moyo wote maana nimeshaona mtu akipatana bei na kijana ufukweni bila hata kuuliza.

Basi nitalinganisha tatu ambazo watu wananiuliza zaidi, Mabamba, Bunyonyi na Mburo, halafu zile hifadhi kubwa nitazigusa tu.

Mabamba

Hii ndo naipenda kuliko zote nisifiche. Mabamba ni kinamasi cha mafunjo kwenye ukingo wa Ziwa Viktoria, ng'ambo ya Entebbe, kama hekta 2,424, na tangu 2006 kipo kwenye orodha ya Ramsar ya maeneo oevu yenye umuhimu wa kimataifa. Watu wanakuja kwa ajili ya ndege mmoja, korongo nyangumi, Waganda wanamwita bbulwe. Anasimama mita 1.2 na zaidi, rangi ya kijivu kama jivu la mkaa, mdomo mpana umevimba kama kiatu cha mbao chenye ndoano mbele. Duniani kote wanakadiriwa kuwa kati ya 5,000 na 8,000 tu, wametawanyika kuanzia Sudan Kusini mpaka Zambia, na wewe unaweza kumuona ukiwa umetoka kulala Entebbe na ukarudi kula chakula cha mchana hapo hapo Entebbe. Sijui kama kuna mahali pengine rahisi kiasi hicho.

Kufika kuna njia mbili. Kwa gari unatoka Kampala barabara ya Masaka, unakata kushoto kuelekea Kasanje, mwisho wake barabara ni ya vumbi na mvua ikinyesha ni tope la kweli. Au kutoka Entebbe unavuka na feri pale Nakiwogo mpaka Buwaya halafu unamalizia kwa gari au boda, na wengine wanakodi boti moja kwa moja kutoka Entebbe. Ukishafika mwaloni, pale mitumbwi inapofikia (neno hili Waganda nao wanalo, omwalo, hamtapotezana) unalipia kwa waongozaji wa kijiji, mnapewa jaketi za kuokolea, mnaingia kwenye mtumbwi wa mbao, mwongozaji mbele mwenye macho, mpiga kafi nyuma mwenye mikono. Kwenye mfereji mpana wanaweza kuwasha injini ndogo, ila mkiingia vile vichochoro vya mafunjo inazimwa, wanashika upondo wanasukuma taratibu, yungiyungi zinakwaruza chini ya mtumbwi, na kuna kale kandege kenye vidole virefu kanatembea juu ya majani kama kako sebuleni kwake.

Ukweli wa Mabamba ni kusubiri. Mara ya mwisho nilikuwa na shangazi yangu wa Bukoba, mtu wa miaka sitini na kitu. Tumeingia majini saa moja na nusu asubuhi, tumezunguka kama saa nzima hamna kitu, mdiria tu anapita rangi yake ya buluu kama cheche. Ghafla mwongozaji akanyoosha mkono akanong'ona, emmamba. Shangazi akashika ubao kwa mikono miwili, miguu juu, akaniangalia: "Mwanangu, umenileta kwa mamba?" Jamani, hili nalisema kwa kila msemaji wa Kiswahili anayekuja huku, emmamba kwa Kiganda ni kamongo, yule samaki mwenye mapafu anayejichimbia kwenye tope, mamba wetu wao wanamwita ggoonya. Mwongozaji alikuwa anatuonyesha maji yaliyotikisika, kamongo alikuwa amepanda juu kuvuta hewa, na pale kamongo anapopumulia ndipo bbulwe anaposubiri.

Na kweli alikuwepo, kama mita thelathini, amesimama kwenye kisiwa cha majani tulichokuwa tumekipita bila kumuona. Tukatulia. Hakutikisika. Dakika kumi, ishirini, shangazi akawa ananong'ona kwamba labda ni sanamu waliyoiweka kwa ajili ya wageni. Halafu akaanguka, sina neno lingine, ndege mzima alianguka mbele na mabawa yamefunguka, mafunjo yakalala, maji yakaruka, na alipoinuka alikuwa na bonge la majani na tope mdomoni na mkia wa kamongo unajikunja pembeni. Sasa angalia alichofanya: hakumeza. Akawa anazungusha kichwa pole pole, huku na huku, anaufungua mdomo kidogo tu, majani yanadondoka kipande kwa kipande na kamongo anabaki. Ilichukua muda kweli. Mpiga kafi wetu ambaye yuko pale kila siku alikuwa ameinua kafi juu, maji yanamtiririkia kwenye goti wala hajali, anaangalia kama ni mara yake ya kwanza. Shangazi alilia. Mpaka leo akinipigia simu anauliza habari za yule ndege kabla hajauliza za wanangu.

Kuna jambo mwongozaji alituambia wakati tunarudi ambalo nimelisikia kwa wavuvi wengi wa pale, zamani bbulwe alionekana ni mkosi, ukikutana naye asubuhi unajua siku hiyo wavu utatoka mtupu, na wengine walikuwa wanamuua. Ukifikiria ni kweli wote wanagombania kamongo huyo huyo. Leo baadhi ya waliokuwa wavuvi ndo wanaoongoza wageni, na ndege aliye hai anawalipia watoto shule. Ukilipa mwaloni unalipa hapo hapo wanapoishi watu na ndege, kwangu hii ni sababu kubwa ya kuchagua Mabamba.

Kasoro zake nazo nizitaje. Wanyama wa miguu minne usitegemee. Nzohe wapo ndani ya mafunjo, Waganda wanamwita enjobe, ila ni swala wa kujificha, mimi kwa miaka yote nimemuona mara mbili na mojawapo ilikuwa mgongo tu. Jua linachoma maana mtumbwi hauna paa. Na kuna siku mitumbwi inakuwa mingi: siku moja tulikuwa tumetulia mitumbwi minne kimya kabisa mbele ya ndege mmoja, ukaja wa tano na injini inaunguruma, mwenye nao akasogea mpaka karibu kabisa ili mgeni wake apige picha kwa simu, ndege akaruka akaenda zake mbali, watu waliosafiri kutoka nje ya nchi wakabaki wanaangalia majani. Iliniuma sana. Sasa hivi kabla ya kukaa nawaambia wanaotupeleka, injini izimwe mapema na tusimame mbali, na nikiwaambia hivyo huwa wanafurahi, maana wengi wao wanasukumwa na mgeni.

Bunyonyi

Bunyonyi ni habari nyingine kabisa. Lipo Kabale, kusini magharibi, ziwa liko juu kama mita 1,962 kutoka usawa wa bahari, visiwa 29, asubuhi ukungu umelala juu ya maji na baridi ya kuvaa sweta mbili. Jina lenyewe lina maana ya mahali pa ndege wadogo, akanyonyi kwa lugha za huku ni kandege. Hakuna kiboko, hakuna mamba, na hapa ndo mahali pekee kati ya hizi tatu ambapo wewe mwenyewe unashika kafi siku nzima bila mtu kukukataza.

Mtumbwi wa kule ni gogo moja la mkaratusi lililochongwa, mzito, na mgeni akianza kupiga kafi unazunguka tu pale pale kama jiwe la kusagia. Inataka mkono uzoee, kafi izame karibu na mtumbwi na mwishoni uisokote kidogo, watoto wa kule wanakufundisha ndani ya nusu saa, wao wanaenda shule kwa mitumbwi hiyo hiyo. Ukichukua mwongozaji mzuri anakupitisha kisiwa kwa kisiwa anakueleza. Kuna Akampene, kijisiwa kidogo kama kiganja ambako zamani msichana aliyepata mimba kabla ya ndoa alikuwa anaachwa afe kwa njaa au azame akijaribu kuogelea, labda atokee kijana asiye na mahari ya kulipa amchukue. Ukipita pale kwa mtumbwi wa kimya ukaona udogo wake, mdomo unafunga wenyewe. Kuna na Bwama, kisiwa ambacho mmisionari daktari Mwingereza, Leonard Sharp, alianzisha kituo cha wagonjwa wa ukoma mwaka 1931.

Kwa wanyama sasa, nisikudanganye, Bunyonyi ni hafifu. Ndege wapo wengi, korongo taji ambaye yuko kwenye bendera ya Uganda, mnandi wanaokausha mabawa kwenye magogo, kwera wanaofuma viota juu ya maji. Fisi maji wapo na asubuhi ukiwa na bahati utaona kichwa kinachora mstari majini halafu kinapotea. Lakini vilima vyote vimelimwa mpaka ukingoni, matuta juu ya matuta, viazi, maharage, mtama. Hii si nyika, ni ziwa la watu. Kama ndoto yako ni kupiga kafi, kuchoka mabega, kula kamba wa ziwani wenye makoleo jioni na kulala fofofo, hakuna inayoifikia. Kama ndoto yako ni mnyama, usipande basi masaa nane kutoka Kampala kwa ajili hiyo.

Na hapo ndo kwenye shida ya siku moja, kutoka Kampala ni zaidi ya kilomita 400, ukienda na kurudi siku hiyo hiyo utakuwa umeona barabara tu. Ila yule jirani yangu wa Kigali yeye anavuka Katuna na anafika Kabale muda si mrefu, kwake Bunyonyi ndo ya siku moja na Mabamba ndo ya mbali. Kwa hiyo ukiuliza wapi ni karibu, mimi nakuuliza kwanza, unatokea wapi?

Mburo na zile kubwa

Hifadhi ya Taifa ya Ziwa Mburo ipo njia ya Masaka kwenda Mbarara, kutoka Kampala ni kama masaa manne ukijumlisha kusimama Lukaya kununua mishkaki na gonja (ndizi) ya kuchoma, na lazima utasimama, kule wanaita muchomo, neno letu wenyewe limevaa shati la Kiganda. Ilitangazwa hifadhi ya taifa mwaka 1983. Hapa hupigi kafi. Unapanda boti ya injini pale Rwonyo, mnazunguka ziwa kama masaa mawili, na unaona vitu ambavyo Mabamba hutaviona: viboko wamepangana kama magunia, mamba amefungua mdomo ukingoni, nyati wanakunywa maji. Furukombe naye anaita mpaka mwili unasisimka. Kuna ndege mmoja anayejificha chini ya matawi yanayogusa maji, miguu yake myekundu, wapenda ndege wanamtafuta sana na Mburo ni kati ya sehemu nzuri Uganda za kumpata.

Mara ya kwanza nilipanda boti ile na mawazo ya kidharau, nikasema injini itafukuza kila kitu. Kumbe viboko wameshaizoea, nahodha anapunguza mwendo anaiacha boti itambae, na askari wa hifadhi anakuonyesha jike lililoweka katoto mgongoni. Katoto kale masikio yake yalikuwa yanazunguka kama feni, maji yanaruka. Ule ukaribu kwa mtumbwi ungekuwa kifo, kwa boti ile ni salama.

Halafu ukitoka majini bado una siku. Pundamilia, pofu, nyamera, ngiri, na swala pala ambao kwa Uganda wanapatikana hapa, na ndo hao hao walioipa Kampala jina lake. Twiga waliletwa mwaka 2015 kutoka hifadhi ya Murchison. Tembo hamna, na kwa sababu hiyo unaruhusiwa kutembea kwa miguu na askari mwenye bunduki kati ya pundamilia, kitu ambacho watoto wanakikumbuka kuliko boti yenyewe.

Zile kubwa mbili nitapita haraka. Mfereji wa Kazinga, ndani ya hifadhi ya Queen Elizabeth, unaunganisha Ziwa George na Ziwa Edward, boti zinatoka Mweya, kwa viboko, nyati na tembo wanaokuja kunywa hapo ni kiboko yao kwa kweli. Murchison unapanda boti Paraa unaenda mpaka chini ya maporomoko, Nili nzima inajibana kwenye mwanya wa mita kama saba na kudondoka zaidi ya mita arobaini. Zote mbili nzuri kupindukia, zote mbili si za siku moja kutoka Kampala, ukitaka panga siku mbili au tatu. Na Jinja? Jinja ni kwa mtu wa kayaki na maji ya kasi, kilomita kama 80 tu kutoka Kampala, mtu anayetokea Busia au Malaba anapita hapo hapo, kenge na ndege utawaona, kima pia, ila mtu aliyekuja kwa wanyama nitampeleka kwingine.

Sasa tuzipange

Kwa mzee au mtu mwenye mgongo mbovu, Mburo. Boti ina viti na kivuli, choo kipo nchi kavu kabla ya kupanda. Mabamba unakaa kwenye ubao masaa matatu, na Bunyonyi gogo lile linataka tumbo na kiuno. Kwa mtoto mdogo pia Mburo, si kwa sababu ya usalama peke yake, ila mtoto wa miaka mitano hawezi kunyamaza saa nzima mbele ya ndege asiyetikisika, na wala usimlaumu. Mtoto wa miaka kumi na kuendelea anayependa vitu, mpeleke Mabamba, atabadilika. Vijana wa chuo waliobana hela na wana siku tatu, Bunyonyi bila kufikiria.

Kwenye hela kuna kitu watu hawakiangalii. Mabamba mtumbwi unalipiwa kama mtumbwi, mkiwa watatu au wanne mnagawana, kwa hiyo mtu akienda peke yake anaumia. Mburo unalipa kiingilio cha kila mtu, gari nalo lina lake, boti tena kwa kichwa, familia ya watu sita ni hesabu ndefu. Lakini raia wa Afrika Mashariki tunalipa kwa shilingi na ni chini sana kuliko wanacholipa wageni wa mbali, beba kitambulisho au pasipoti, nimeona Mtanzania mwenzangu anabishana getini nusu saa ameacha kitambulisho hotelini. Na tiketi ya hifadhi inahesabiwa masaa 24, ukiingia saa kumi jioni ukalala humo, asubuhi bado unapanda boti kwa kiingilio kile kile, unalipia boti tu. Hii mbinu imewaokolea wageni wangu hela nyingi.

Muda wa siku nao unaamua. Mabamba ni alfajiri, saa moja uwe mwaloni, maana ikifika mchana jua linapanda, ndege anajificha na ziwa linaanza upepo, na Viktoria ikichafuka haina huruma. Bunyonyi pia asubuhi, maji yanakuwa kama kioo, mchana upepo unakusukuma kurudi ulikotoka. Mburo ndo ina nafuu, boti ya asubuhi na ya jioni zote zinafaa, jioni hata wanyama wanashuka kunywa. Mvua kubwa ni Machi mpaka Mei na tena Septemba mpaka Novemba, Mabamba wakati huo barabara inasumbua, ingawa mimi nimeshamuona bbulwe siku ya mvua nyembamba akiwa peke yake na sisi peke yetu, hakuna mtumbwi mwingine, na siwezi kuisahau.

Kichocho je? Ziwa Viktoria lipo nacho, usikae umening'iniza miguu majini wala kunawa uso kwa yale maji ya ukingoni penye majani. Bunyonyi watu wanaogelea kweli kweli, wageni na wenyeji, ni sehemu ya raha yake. Mburo sihitaji kukwambia kwa nini huogelei.

Halafu suala la mwongozaji, hili ndo linaharibu au kutengeneza siku. Nikimpigia simu mtu wa mtumbwi simuulizi bei kwanza, namuuliza jaketi za kuokolea anazo ngapi na kama anayo ya mtoto, maana jaketi la mtu mzima kwa mtoto linamvuka kichwa na halisaidii kitu. Namuuliza mtumbwi unabeba wangapi na yeye anapakia wangapi. Namuuliza injini atazimia wapi. Mtu anayejua kazi yake anajibu haraka na anaongeza mengine mwenyewe, anakwambia njooni na kofia, msivae nguo nyekundu za kung'aa, simu ziwe kwenye mfuko wa nailoni. Anayezungukazunguka na kusema msijali tu, huyo mwache. Lugha nayo isikutishe, waongozaji wengi vijana sasa wanakisikia Kiswahili na kinazidi kukolea kila mwaka, na ukianza na wasuze otya nnyabo au ssebo mbele ya salamu yako, mnakuwa ndugu kabla hamjashika maji. Beba darubini hata ya kuazima, Mabamba bila darubini ni nusu ya Mabamba.

Kwa hiyo mtu wa Bukoba anayevuka Mutukula, akifika Masaka yuko njia panda, kushoto Mburo, kulia Kampala na Mabamba, na umbali haupishani wa kumkosesha usingizi. Hapo namuuliza, unataka urudi nyumbani useme umeona wanyama wengi, au unataka ukae mbele ya mmoja mpaka umjue? Jibu lake ndo linageuza usukani.

Desemba hii shangazi anarudi, safari hii na mwanawe na wajukuu watatu, wa mwisho ana miaka minne na mdomo haufungi. Nimeshapanga, baba yao atawapeleka Mburo kwa boti ya jioni walale huko, na mimi na shangazi tutatoka Entebbe saa kumi na moja alfajiri kwenda Mabamba wawili tu na mwongozaji yule yule. Juzi kanipigia kunikumbusha nisisahau mto wa kukalia, ule ubao wa mtumbwi ulimuumiza kiuno siku mbili.